Shirika la Sufuria

Mdogo wangu wa miaka sita anaamini kwamba sufuria zina shirika lao, kama watawa walivyo na lao. Mchana, asema, zinanyamaza na kulitii jiko. Usiku wa manane moja inaita, ya jirani inaitika, na uimbaji wao unawafukuza watu wabaya. Anayekaa Kadutu au Panzi anajua kwamba mtoto huyo hayuko mbali na ukweli.

Wezi wenye silaha wanapovunja mlango usiku hapa Bukavu, mwenye nyumba au jirani yake hugonga sufuria kwa mwiko, ama kifuniko kwa kifuniko, na kupuliza filimbi. Nyumba ya pili hupokea, kisha ya tatu. Mji wetu umekaa juu ya vilima na rasi zinazoingia Ziwa Kivu, nyumba zimebanana miteremkoni, hivyo mlio huvuka bonde upesi kuliko mtu awezavyo kukimbia. Simu huishiwa chaji. Sufuria haihitaji kitu, ila ni lazima iwe tupu. Yenye maji au maharagwe hutoa kishindo kifupi, basi. Ndiyo maana mama yangu huacha moja ikining'inia ukutani, imeoshwa, wala hailali na chakula ndani.

Kengele ya kanisa ni dada yake mkubwa. Kwa desturi huyeyushwa kwa karibu sehemu nne za shaba na sehemu moja ya bati. Kila moja peke yake ni laini; zikichanganywa huwa ngumu, na hapo ndipo hulia. Shaba iko Katanga. Bati hutoka katika kaseteriti, ambayo vijana wa rika letu huichimba Nyabibwe, huko Kalehe. Udongo uleule uliotuvutia watu wenye bunduki unatosha kutengeneza kengele! Na kabla ya wamisionari, katika falme nyingi za bonde la Kongo, kengele pacha za chuma zisizo na ulimi zilipigwa kwa fimbo kumtangaza mfalme. Basi chuma chenye kuita watu si kigeni kwetu.

Lakini kuwaita waje kufanya nini? Mtakatifu Paulo, katika sura ya 13 ya barua yake ya kwanza kwa Wakorintho, aliitumia shaba iliayo kuwa mfano wa mtu asemaye bila upendo. Chuma hakina dhamiri. Anayo mpigaji, na anayo asikiaye.

Usiku mmoja mlio ulianzia chini ya avenyu yetu. Watu walitoka wengi, mawe mikononi, wakamkamata kijana akiruka ukuta. Nilisikia mtu akiagiza petroli. Mama mmoja mjane, wa shirika letu, alijipenyeza hadi katikati, akasimama akiwa amemweka kijana yule kati ya miguu yake, akaanza kugonga sufuria yake kwa nguvu zote. Hakuhubiri neno. Aligonga tu, mfululizo, hata aliyekuwa akitoa amri hakusikika tena, na wenye mawe wakawa wanatazamana. Aligonga mpaka mkuu wa avenyu alipofika. Kijana alikabidhiwa kwa polisi asubuhi, uso umevimba, akiwa hai. Sufuria ya mama yule ilipasuka ukingoni, na hadi leo inavuja.

Tumelijadili katika kikundi chetu cha vijana. Wengi walikubali kwamba atakayeitikia mlio atoke na sufuria au filimbi, asichukue jiwe. Mwenzetu mmoja, ambaye kwao walivunjiwa mlango mara mbili, alikataa: mwizi aliyeachwa hai, alisema, hurudi na wenzake, na anaijua nyumba. Hakuna aliyemjibu vizuri. Jumamosi tutakaa naye tena, na yule mama mjane amekubali kuja.