Napita Ihumwa

Kila nikitumwa kuripoti habari za wizara, napita Ihumwa. Daladala inatoka mjini, inashika barabara ya Morogoro, na kabla hujaufikia Mji wa Serikali pale Mtumba, konda anauliza, "Ihumwa wapo?" Kwa miaka minne nilikuwa siinui hata macho kwenye simu. Sikujua kwamba napita nyumbani kwao Mathias Mnyampala.

Jina lenyewe nililijua. Darasa la tano tulikaririshwa ngonjera ya kumpokea mgeni rasmi. Nilipewa sehemu ya yule asiyeelewa, anayebisha beti mbili tatu halafu anashawishika. Nilipofungua mdomo darasa zima likacheka: lafudhi ya Kigogo. Mwalimu akampa mwingine. Tangu siku ile nikajifunza kuongea kama redio, na leo ndiyo kazi inayonilisha.

Kumbe mtu aliyezipandisha ngonjera jukwaani na kuzitia vitabuni alikuwa Mgogo.

Mnyampala alizaliwa 1917. Alikuwa mwalimu, akawa karani, baadaye akafanya kazi za mahakama. Kiswahili hakikuwa lugha ya mama yake, na ushairi wa vina na mizani watu waliuona mali ya Pwani. Yeye akaingia bila kupiga hodi. Alilumbana na washairi wakubwa magazetini, akatoa diwani yake, na akiwa Mkatoliki akautumia utenzi, bahari iliyokomaa mikononi mwa Waislamu, kusimulia Injili. Aliandika hadithi pia, *Kisa cha Mrina Asali na Wenzake Wawili*. Baada ya Azimio la Arusha la 1967, Mwalimu Nyerere alipowataka washairi waieleze siasa mpya kwa wananchi, Mnyampala na wenzake wa UKUTA waliitikia kwa ngonjera. Alifariki 1969, kabla *Ngonjera za Ukuta* hazijatoka kitabuni.

Niseme ukweli, ngonjera nyingi leo zinachosha. Unajua tangu ubeti wa kwanza nani atashinda. Lakini Mnyampala wangu mimi si huyo. Ni yule wa 1954, aliyetoa *Historia, Mila na Desturi za Wagogo wa Tanganyika*.

Nilikitafuta kitabu hicho kwa aibu. Babu alipofariki, wazee walibishana msibani kuhusu ukoo wetu ulikotokea na miiko yake. Baba mdogo akanigeukia mbele za watu: "Wewe si ndiye msomi? Hebu tuambie." Nikakaa kimya. Ninaweza kukutajia makatibu wakuu wa wizara zote bila kusoma popote, ila mzee niliyekula naye mlenda utoto wangu wote sikuwahi kumuuliza swali hata moja.

Rafiki aliniazima nakala iliyochakaa. Nilisoma usiku kucha: koo, safari zao, ndoa, mvua, ng'ombe. Mkoloni alikuwa bado yupo, Dodoma haijawa makao makuu, na mtu wa Ihumwa ameshakaa chini kuandika kwamba hapa pana watu na watu hawa wana historia. Ukoo wetu niliukuta kwa mistari michache tu. Yaliyobaki babu ameondoka nayo. Siwezi kumlaumu Mnyampala kwa hilo, maana yeye aliuliza aliowafikia.

Jumamosi iliyofuata nilikwenda kijijini kwa bibi. "Mbukwa," nikamsalimia, akacheka, maana ana miaka hajasikia neno hilo kinywani mwangu. Nikamwomba aanze na ukoo. Nikawasha simu kurekodi. Alikuwa hajafika hata kwa baba wa babu simu ikaniambia nafasi imejaa.

"Subiri kidogo, bibi."

Nikafuta mikutano mitatu ya waandishi wa habari, nikamwambia aendelee.