Udongo ni wa Leta, nyumba je?

Kila mara tunapozungumzia viwanja kwenye radio, simu ya kwanza inaleta neno lile lile: "Udongo ni wa Leta, tutafanya nini?" Wanaosema hivyo hawadanganyi. Sheria ya udongo ya tarehe 20 Julai 1973 inasema wazi kwamba udongo ni mali ya Serikali peke yake. Lakini wengi wanakomea hapo, na wale wanaokuja na rangi nyekundu na kamba ya kupimia wanapenda sana mkomee hapo.

Juu ya udongo kuna vitu vyenu. Kuna nyumba, kuna miembe, kuna haki ya kukaa ambayo Serikali yenyewe iliwapa kwa karatasi. Katiba ya 2006, katika artikle ya 34, inalinda mali iliyopatikana kwa sheria ao kwa desturi, iwe ya mtu mmoja ao ya watu pamoja. Ninyi wa vijijini, shikeni neno hilo "desturi". Inasema pia kwamba mtu hanyang'anywi mali yake isipokuwa kwa faida ya watu wote, na kwa fidia ya haki inayotangulia. Inatangulia, maana yake malipo kwanza, buldoza nyuma.

Njia yenyewe iko katika sheria namba 77-001 ya tarehe 22 Februari 1977. Uamuzi unaandikwa, unatangazwa katika Gazeti Rasmi, na barua inakufikia mkononi ukitia sahihi. Tangu siku hiyo una mwezi mmoja wa kutoa malalamiko. Mkikosa kuelewana juu ya bei, mambo yanaenda tribinali, nayo inateua wataalamu watatu. Hukumu ikitoka, pesa zinalipwa kabla ya miezi mine kuisha. Zisipolipwa, unaweza kuomba uamuzi ufutwe. Na jambo hili nililisoma mara mbili kabla ya kulisema hewani: unabaki katika nyumba yako mpaka ulipwe.

Nalisema kwa sababu lilifika kwetu. Mama yangu mdogo alirudi sokoni akakuta msalaba mwekundu ukutani. Wenye kuuchora walimpa juma moja. Alipoomba barua, wakajibu iko biro. Alipouliza bei, wakacheka. Yeye hana sertifika, ana fishi ya parseli tu, na fishi haina nguvu sawa. Hata hivyo inaonyesha nani alikaa pale na tangu lini. Avoka alimwandikia barua ya kuomba uamuzi wenyewe, nakala ikaenda komini, akarudishiwa moja yenye muhuri wa kupokelewa. Juma likapita, mwezi ukapita. Msalaba ungali ukutani, naye analala ndani.

Si kila mtu anapata huo muda. Kule Kawama, karibu na Lubumbashi, tarehe 24 na 25 Novemba 2009, polisi walisimamia buldoza zikibomoa nyumba. Ilisemwa wanawafukuza wachimbaji wadogo wa kando ya mgodi wa Luiswishi. Miaka mitano baadaye Amnesty International ilitoa ripoti yenye picha za satelaiti, zikionyesha mamia ya majengo yaliyopotea. Picha kutoka angani! Jirani aliyesimama pale akiona kwa macho yake naye ni shahidi.

Kolwezi nako, katika Cité Gécamines, watu wameeleza kwamba pesa walizopewa hazikutosha kununua nyumba kama ile waliyoacha. Ndiyo maana ninyi mliokwisha kuhama bado mnahusika: kupokea bahasha si sawa na kulipwa haki.

Kwa hiyo tafuteni karatasi mliyotia sahihi, hata kama ilisomwa haraka kwa Kifaransa. Andikeni vyumba vilikuwa vingapi, bati ngapi, kisima, miti ya matunda mmoja mmoja. Andikeni majina ya majirani wawili wa kila upande, na wapi wanakaa sasa, maana wao ndio mashahidi na wanazidi kutawanyika. Ukiwa na picha katika simu ya zamani, itoe kabla simu haijafa. Aliye na barua yenye tarehe na muhuri aipige foto leo, nakala moja aiache kwa mtu anayekaa nyumba nyingine.