Shangazi yake Mwindo

Jumapili kipindi cha sanaa na utamaduni kwenye televisheni kilizungumza juu ya Mwindo, shujaa wa Wanyanga wa Walikale. Walieleza vizuri: mwaka wa 1956 mzee Rureke aliisimulia hadithi hiyo kwa siku 12, akiimba na kucheza, na Daniel Biebuyck pamoja na Kahombo Mateene wakaitoa katika kitabu mwaka wa 1969. Lakini Iyangura walimtaja mara moja tu, "shangazi yake", wakapita. Hapo wamama tuliokuwa tunatazama tulinung'unika.

Kwa maana baba yake, chifu Shemwindo, alikataza wake zake saba kuzaa mtoto mwanaume. Mwindo alipozaliwa, wakamzika, akatoka kaburini. Wakamfungia ndani ya ngoma na kumtupa mtoni. Na nani aliipasua ngozi ya ngoma kwa kisu? Iyangura. Tena mwishoni, mbele ya wakubwa wote, ndiye aliyemkaripia Shemwindo, ndugu yake, kwa kubagua watoto: huyu mzuri, huyu mbaya. Mambo hayo hatuyaoni katika hadithi tu.

Darasani kwangu hapa Masisi kuna watoto waliokimbia vita kutoka Walikale. Niliwauliza. Mwindo wanamjua kwa jina, shangazi hawamjui, na wengi hawasemi tena Kinyanga. Mama mmoja wa kikundi chetu anaijua sehemu hiyo pamoja na nyimbo zake. Amekubali kuja darasani Ijumaa. Anaomba ngoma tu, kwa sababu yake ilibaki kijijini.