Huyu jamaa si steringi

Najua nimepotea, wiki tatu bila kuandika kitu. Bumu bado, majaribio yamenibana, halafu kuna jambo nimekuwa nalo kichwani. Ngoja nilimwage hapa.

Wenzangu wa sanaa za maonyesho wanajua tayari. Igizo la mwisho wa muhula limegawanywa, na mimi nimepewa mlinzi wa getini. Sentensi nne. Nimezihesabu. Mwezi mzima nilikuwa najiandaa kuwa mfalme, hadi mama nilishamwambia! Baba naye kapata pa kusemea: hamia ualimu, mwanangu. Na fomu za kubadili kozi mwisho Ijumaa.

Basi Jumamosi usiku mwenzangu wa chumbani akaja na flashi, tukaangalia The Constant Gardener, ile muvi ya 2005 iliyopigwa Kenya, Kibera na kule Loiyangalani kando ya Ziwa Turkana. Karibu na mwisho anatokea mzungu mmoja mwembamba, mifupa ya mashavu imechomoza, daktari aliyejificha Sudan na dhambi zake za majaribio ya dawa. Dakika chache tu. Nikasema, huyu nimeshamwona. Wapi sasa?

Tukabishana mpaka saa nane. Kumbe ndiye Kobayashi, wakili wa The Usual Suspects (1995), jina la Kijapani na lafudhi isiyojulikana ya wapi. Ndiye padri wa Romeo + Juliet (1996). Ndiye mwindaji wa dinosaria kwenye The Lost World (1997). Na yule tajiri anayekata roho kitandani kwenye Inception (2010), ni yeye yule. Jina lake Pete Postlethwaite. Jaribu kulitamka! Alishauriwa alibadilishe, akagoma.

Jumapili tukatafuta In the Name of the Father (1993), iliyompa uteuzi wa Oscar kama mwigizaji msaidizi. Humo ni Giuseppe, baba mgonjwa aliyefungwa pamoja na mwanawe kwa kosa ambalo hawakulitenda. Mtoto, Daniel Day-Lewis, anapiga kelele, anavunja vitu. Baba hapandishi sauti hata kidogo. Anakohoa, anaandika barua zake. Huku kwetu tunasema steringi hafi, lakini huyu si steringi, kwa hiyo anakufa akiwa bado mfungwa. Usiku huo wafungwa wanarusha karatasi zinazowaka moto kupitia madirishani, moja baada ya nyingine, uwanja mzima unaangaza. Mwenzangu akajifanya anatafuta chaja. Mimi nikatoka nje nikampigia baba. Tukaongea habari za mahindi na paa la jikoni, fomu hakuna aliyeitaja.

Halafu nikasoma habari zake. Mzaliwa wa Warrington, Uingereza, 1946, familia ya Kikatoliki. Kwanza alitaka upadri, akaacha. Akasomea ualimu (ndiyo, ualimu!), akafundisha maigizo, ndipo akaenda shule ya uigizaji Bristol. Akakomaa jukwaani Everyman kule Liverpool na akina Julie Walters na Bill Nighy. Huo uteuzi wa Oscar ulimkuta anakaribia miaka 50. Nikimsimulia baba haya atasema unaona, ualimu kwanza. Na hapo ndipo ninapokwama, maana mzee hajakosea kabisa.

Steven Spielberg, aliyemwongoza mara mbili mwaka 1997, alimwita mwigizaji bora kuliko wote duniani. Yeye mwenyewe alikuwa akiligeuza utani. Alifariki Januari 2, 2011 kwa saratani, akiwa na miaka 64, na BAFTA wakamteua baada ya kifo kwa The Town, muvi ambayo humo anauza maua tu dukani. Maua na mauaji, lakini sitawaharibia.

Leo Jumatano. Fomu iko mezani, nimejaza jina tu. Mazoezi saa kumi na mbili jioni. Mlinzi wangu nimeamua anachechemea mguu wa kushoto, mwongozaji bado hajui.