Kila Siku Ina Hesabu Yake

Mtaani kwetu nimeona jamaa moja ikipoteza kiwanja, si kwa kukosa haki, bali kwa kukosa siku. Hukumu ililetwa nyumbani na mjumbe wa mahakama; wazee wakasema, «Tumngoje kwanza kaka yetu arudi kutoka Kolwezi.» Aliporudi, zile siku 30 za kukata rufaa, ambazo sheria yetu ya mwaka 1960 huzihesabu tangu hukumu kukabidhiwa, zilikuwa zimekwisha.

Je, aliyechelewa asisikilizwe kamwe? Kwa majirani zetu wa Tanzania, jaji aweza kuongeza muda kwa sababu ya kutosha. Katika shauri la Lyamuya Construction, Mahakama ya Rufani iliweka vipimo: mwombaji aeleze muda wote aliochelewa, kuchelewa kusipite kiasi, aonyeshe bidii, wala si uzembe, tena mahakama iweza kutazama sababu nyingine nzito, kama kasoro ya kisheria katika hukumu yenyewe.

Naona vipimo hivi ni vikali, lakini ni vya haki. Maana yuko pia aliyeshinda, anayengoja kujenga na kulala bila hofu. Huruma isiyodai hesabu humdhulumu huyo. Bali aliyelazwa hospitalini hakukawia kwa kupenda. Cheti chenye tarehe kitamsemea.

Basi, karatasi ya mahakama ikifika kwenu, andikeni tarehe siku hiyohiyo, mkamwone wakili. Kikao cha ukoo kitafuata.