Uongo wa Stempu Moja

Majarida ya Diplomacy hayakuanza kama majarida ya kusomwa. Yalikuwa ndiyo uwanja wenyewe wa kuchezea. Mchezo huu wa ubaoni, ambao Mmarekani Allan Calhamer aliutoa kwa gharama zake mwaka 1959, unataka watu saba, kila mmoja ashike dola moja ya Ulaya ya mwaka 1901, na saa nyingi za kunong'onezana pembeni. Dadu hakuna. Kila mtu huandika amri za majeshi yake kwa siri, zote zikafunuliwa kwa pamoja, ndipo unapojua rafiki yako ni nani. Kuwapata watu saba wa kushinda mezani kutwa nzima si kazi ndogo, na ndiyo maana mwaka 1963 John Boardman wa Brooklyn akaanzisha Graustark, jarida la kuuchezea kwa posta. Uingereza wakafuata mwaka 1969 kwa Albion ya Don Turnbull, kisha majarida yakaota kama uyoga.

Mimi niliingia mwanzoni mwa miaka ya 1980, nikiwa mwanafunzi Leeds. Letu lilikuwa la kurasa chache, limepigwa taipu kwenye stensili, likarudufiwa kwa wino unaochafua vidole na kubanwa pini pembeni. Mhariri ndiye alikuwa kila kitu: mwamuzi, mchapaji, mbandika stempu, tena mara nyingi kwa fedha ya mfukoni mwake. Likifika, nilifungua ukurasa wa mchezo wetu kabla sijavua koti. A ni jeshi la nchi kavu, F ni manowari, na amri iliyogonga mwamba imepigiwa mstari chini. Nilikuwa Urusi. Mturuki, bwana mmoja wa Bristol aliyeniandikia kurasa tatu kwa mwandiko wa kupendeza, alikuwa ameapa kwamba Bahari Nyeusi tutaiacha wazi sote wawili. Ukurasani: F Ank–BLA, yaani manowari yake kutoka Ankara kwenda Bahari Nyeusi. Mstari chini haupo. Ameshaingia.

Chini ya matokeo zilikuja porojo. Wachezaji walijifanya wafalme na mabalozi, wakatoleana matamko, wakatukanana kwa adabu za kasri. Wapo waliokwisha kufutwa ubaoni zamani lakini wakaendelea kulipia jarida kwa ajili ya porojo hizo tu.

Zamu ilichukua mwezi hivi, kwa hiyo miaka kumi ya ubaoni ilikula karibu miaka miwili ya kalenda. Watu walihama, walioa, walichoka; asiyeleta amri aliandikiwa NMR, majeshi yake yakasimama tuli huku majirani wakinoa meno. Lakini mwezi ule ndio ulioutia mchezo utamu. Uongo uliotungwa kwa wiki mbili na kugharimu stempu ulikuwa uongo wa kazi, umefanyiwa rasimu. (Calhamer mwenyewe aliishia kuwa tarishi wa posta huko Illinois, sisi tuliona imemstahili.)

Barua pepe ilipokuja, programu iliyoitwa Judge ikawa inapokea amri na kutoa matokeo papo hapo. Mhariri akapokonywa kazi ya uamuzi. Matokeo yakahama, porojo zikayafuata, na majarida mengi yakafa bila hata toleo la kuaga. Diplomacy World, lililoanzishwa Marekani na Walter Buchanan mwaka 1974, bado lipo, sasa la PDF na la bure. Naona limenusurika kwa sababu tegemeo lake halikuwa kuendesha michezo. Lilijengwa juu ya makala. Uchambuzi wake unayapita yote tuliyoyasoma kwenye stensili. Ila humo hakuna anayenidanganya, na mimi nililipia kudanganywa.

Wanangu huucheza kwenye simu, zamu dakika tano. Wakigeukana, hugombana hapo hapo sebuleni, na kabla chakula hakijaiva wameshaanza upya. Dakika tano mimi hazinitoshi hata kumaliza salamu.