Kiti cha Rangi ya Waridi

Shangazi,

Ujumbe wako wa sauti wa Jumapili niliusikiliza ndani ya treni ya chini ya ardhi, simu nimeibana sikioni, maana huku ukicheka kwa sauti ndani ya behewa wanakutazama kama umemwaga uji msibani. Uliuliza lile lile: mwanangu, umri hausubiri, unangoja nini? Mbele yangu kulikuwa na kiti cha rangi ya waridi. Treni za Seoul zina viti hivyo kwa ajili ya wajawazito. Behewa zima lilijaa wazee waliovaa kofia za kupandia milima (ukitimiza miaka 65 hulipi nauli), na kile kiti kiko peke yake, hakina mtu. Nikasema leo nitamjibu Shangazi, ila kwa kuzunguka.

Wewe uliyeizunguka Muheza kwa baiskeli ya zahanati, fulana ina Nyota ya Kijani, alama ya uzazi wa mpango, kifuani, utanielewa kuliko wengine. Korea Kusini nao walikuwa na kampeni kama yako, ila yao ilikuwa na meno. Serikali ya Park Chung-hee iliianzisha mwaka 1962, wakati mwanamke mmoja alizaa watoto sita hivi. Mabango ya mwanzo yalionya kwamba anayezaa ovyo ataishia kuombaomba. Miaka ya sabini yakasema wawili wanatosha, wa kike au wa kiume sawa tu. Kufika miaka ya themanini, hata wawili wakaonekana wengi.

Mama mwenye nyumba ninakopanga amenisimulia mambo ambayo wewe usingethubutu kumwambia mwanamume wa Muheza. Siku moja mumewe alikwenda kwenye mafunzo ya jeshi la akiba, ambayo kila kijana aliyemaliza jeshi alilazimika kuhudhuria. Wakatangaziwa: atakayekubali kufungwa uzazi anasamehewa mafunzo. Saa sita mchana mzee akarudi nyumbani, anatembea kwa uangalifu. "Nilidhani ametoroka," mama huyo ananiambia, anacheka huku kaziba mdomo. Mwaka 1977 waliofunga uzazi walipewa kipaumbele hata kwenye maombi ya nyumba mpya za ghorofa pale Banpo, Seoul, na watu wenye ulimi wakaziita nyumba za matowashi. Leo Banpo ni mtaa wa matajiri. Ananiambia hilo kwa uchungu kidogo, wao hawakuomba.

Ilipofika mwaka 1983 wastani ulikuwa umeshuka hadi watoto wawili. Hapo ndipo pa kukanyaga breki, lakini sera ya kupunguza uzazi iliendelea hadi 1996. Sisemi mabango peke yake ndiyo yaliyofanya kazi. Viwanda vilijengwa, wasichana wakasoma, watu wakahamia mjini. Ila serikali ilikazana miaka zaidi ya thelathini kumfundisha mwananchi kwamba mtoto ni gharama, na mwananchi akafaulu somo hilo vizuri mno.

Mwaka 2023 wastani ulikuwa 0.72. Yaani wanawake mia moja, watoto 72, wakati wanaohitajika kujaza nafasi za wazazi wao ni kama 210. Tangu 2020 wanaokufa ni wengi kuliko wanaozaliwa. Desemba 2024 wenye miaka 65 na zaidi walifika mmoja kati ya watu watano. Mwaka huo huo wastani ulipanda hadi 0.75, na kwa shangwe ya magazeti ungedhani wamechukua Kombe la Dunia. Huko Gangjin, kusini, shule moja ya msingi ilikosa watoto wa darasa la kwanza mwaka 2019, ikaandikisha mabibi wasiojua kusoma. Mzee Maruge wa Kenya aliingia darasa la kwanza kwa sababu elimu ilikuwa imefanywa bure. Hawa waliingia kwa sababu madawati yalikuwa matupu.

Sasa serikali inabembeleza. Mtoto wa kwanza akizaliwa unapewa woni milioni mbili, na tangu 2024 kuna milioni moja kila mwezi hadi atimize mwaka. Iko kampuni ya ujenzi inayompa mfanyakazi wake woni milioni mia kwa kila mtoto, kama dola elfu sabini. Niliposikia nilimgeukia mwenzangu wa mezani kazini, binti wa miaka 33. Hakushangaa. Alichukua karatasi akaanza kuandika: nyumba, chekechea, tuisheni za Kiingereza na hesabu zinazoisha saa nne usiku, na mwisho akaandika jina lake mwenyewe, akalikata kwa mstari. Alimaanisha kazi yake. Amewaona waliorudi kutoka likizo ya uzazi wakakuta vyeo vyao vina watu wengine. Na bila ndoa huku hawazai. Mwaka 2023 waliozaliwa nje ya ndoa hawakufika watano kati ya mia.

Nakumbuka mwaka 2018 Rais Magufuli alipowaita wanaopanga uzazi wavivu, ulinuna wiki nzima. Usinune tena. Sisi Watanzania mwaka 1967 tulikuwa milioni 12, na Wakorea walikuwa karibu milioni 30. Sensa yetu ya 2022 imetoa milioni 61 na zaidi, tumewapita kwa mbali, na akina mama wa Muheza bado wanahitaji mtu wa baiskeli. Ninachokuambia ni kwamba hawa walifundishwa kwa vitisho na zawadi, na sasa wanarudiwa kwa zawadi zile zile.

Juzi mama mwenye nyumba alinisimamisha kwenye ngazi akaniuliza swali lako, neno kwa neno. Nikamuuliza wajukuu wake wangapi. Akanionyesha picha ya mbwa ndani ya kigari cha kusukuma.

Kwa hiyo, Shangazi, mimi sijakataa. Nimekaa na karatasi yangu pia. Nyumba nimeandika, tuisheni nimeandika, kazi nimeandika. Nilipofika kwenye mstari wa nani atanishikia mtoto saa kumi na mbili asubuhi, nikaliandika jina lako, kisha nikakumbuka uko Muheza.

Hivi pasipoti yako inaisha lini?